Kimo cha Mlima

Jicho ni mpimaji wa kwanza wa binadamu, na udhaifu wake ni mkubwa. Kilicho karibu hukikuza, na kilicho mbali hukipunguza. Kichuguu kilicho mlangoni huweza kuziba mlima ulio upeoni, na mtu asiyesafiri huishi na kufa akidhani kwamba kichuguu chake ndicho kikubwa. Kwa sababu hiyo watu walitafuta vipimo visivyo na upendeleo, ili kila kitu kipewe haki yake. Walakini kipimo nacho huulizwa swali: kinapima nini, na kimeacha nini?

Mtu asimamaye Ngerengere alfajiri, baada ya mvua ya usiku kuisafisha anga, huiona safu ya milima ya Uluguru upande wa magharibi. Kwanza huwa nyeusi kama ukuta, kisha huwa ya buluu, na jua likipanda mawingu huifunika tena kama mwenye nyumba afungaye mlango wake. Hapo Ngerengere alikaa mzee mmoja ambaye kwa muda wa miaka mingi hakuiacha siku ipite bila kuutazama ukuta huo. Alizaliwa katika miteremko yake iliyo juu ya mji wa Morogoro, akashuka ujanani kukata mkonge, akaoa, akajenga, asirudi tena kukaa. Katika lugha ya wazee wake neno luguru ni mlima, na Waluguru ni watu wa mlimani. Kwa hiyo kila alipoulizwa kabila lake, aliutaja mlima pamoja na nafsi yake.

Siku moja mjukuu wake, mtoto wa shule, alikuja na kitabu kilichoorodhesha milima mirefu. Alisoma kwa sauti: Everest, mita 8,848, Kilimanjaro, mita 5,895, Kenya, mita 5,199, Margherita katika Ruwenzori, mita 5,109, Meru, mita 4,566. Mzee akangoja. Mtoto akafunga kitabu.

"Babu, mlima wako haumo."

"Haumo wapi?"

"Haumo kitabuni."

"Tazama tena, mjukuu wangu. Pengine umeruka mstari."

Mtoto alitazama tena, lakini hakuwa ameruka mstari. Kimhandu, kilele kirefu cha Uluguru, kina mita 2,630 hivi; Lupanga, kilele kiusimamiacho mji wa Morogoro, kina mita 2,138. Mbele ya majitu yaliyotajwa kitabuni hivi ni vilima. Mzee hakusema neno, lakini alijiona kama mtu aliyeambiwa mbele za watu kwamba mama yake ni mfupi.

Mtoto alikuwa na huruma, akataka kumliwaza babu yake kwa elimu. Alisimamisha fimbo ya mita moja uani, akapima kivuli chake akapata mita mbili. Kisha akapima kivuli cha mwembe akapata mita 24. "Ikiwa fimbo ya mita moja ina kivuli cha mita mbili," alisema, "mwembe huu una mita 12." Mzee alifurahi kuona mti umepimwa bila kupandwa. Akanyosha mkono kuelekea magharibi, akasema, "Haya, upime na ule." Mtoto akacheka, maana kivuli cha mlima hakina ncha ya kushikwa, na mzizi wa kilele umezikwa ndani ya mlima wenyewe.

Hapo ndipo ulipo ugumu wote wa kazi ya wapima ardhi. Hawawezi kusimama chini ya kilele na kukiteremshia kamba. Basi huchagua mahali pawili palipo wazi, wakapima kwa uangalifu mkubwa umbali ulio kati yake. Kisha kwa chombo kiitwacho theodolaiti hutazama kilele kutoka kila mahali na kuandika pembe. Pembetatu ikijulikana upande wake mmoja na pembe zake mbili haina siri tena. Pande zilizobaki hupatikana kwa hesabu. Umbali wa kilele ukijulikana, pembe ya kukitazama kwenda juu hutoa kimo chake. Pembetatu ya kwanza huzaa ya pili, na ya pili huzaa ya tatu, hata bara zima likafungwa kama wavu wa mvuvi. Mlolongo mmoja wa pembetatu hizo ulifuata mstari wa nyuzi 30 za mashariki kutoka Afrika ya Kusini kuelekea Misri, ukapita magharibi ya Tanganyika, na ukakamilika mwaka 1954, baada ya kazi ya miongo mingi.

Njia hiyo nayo ina mitego. Dunia ni mviringo, na mviringo huo huficha. Kutoka Ngerengere mpaka Lupanga ni kiasi cha kilomita 40, na katika mwendo huo uso wa dunia huinama zaidi ya mita 100. Mpimaji asimamaye Ngerengere akasahau jambo hilo, ataunyima mlima mita hizo zote bila ya kukusudia. Hewa nayo hupinda mwanga, ikainua kidogo kinachoonekana, na pindo hilo hubadilika kwa joto la mchana na baridi ya asubuhi. Kwa hiyo mpimaji mwaminifu hatazami mara moja. Hutazama mara nyingi, saa mbalimbali, akalinganisha.

Wasafiri wasiokuwa na nafasi ya pembetatu walitumia hewa yenyewe. Hewa ni mzigo; kadiri mtu apandavyo, mzigo huo humpungukia, na baromita huonyesha upungufu huo. Maji nayo hutoa ushahidi, kwa kuwa katika kila mita 300 za kupanda huchemka mapema kwa kiasi cha nyuzi moja ya joto. Pwani huchemka kwa nyuzi 100. Juu ya Kibo huchemka kwa nyuzi 80 hivi, na chai ya huko ina moto mdogo kuliko ya Ngerengere. Walakini hewa hubadilika kwa mvua na jua, na kipimo chake hubadilika pamoja nayo.

Historia ya Kilimanjaro ni funzo kwa kila mpimaji. Mwaka 1848 Johannes Rebmann aliona theluji juu yake akaandika habari hiyo, na huko London mtaalamu wa jiografia, William Cooley, ambaye hakuwahi kufika, alikataa kwamba theluji yaweza kukaa karibu na mstari wa ikweta. Aliyekuwa mbali alimfundisha aliyekuwa karibu. Mwaka 1889 Hans Meyer na Ludwig Purtscheller walifika kileleni, na Meyer alikadiria kimo cha zaidi ya mita 6,000. Mwaka 1952 wapimaji wa Kiingereza walipata futi 19,340, ambazo ni mita 5,895. Usiku wa Uhuru, mwezi wa Desemba mwaka 1961, bendera na mwenge vilipandishwa juu yake, na kilele kikaitwa Uhuru. Vipimo vya satelaiti vya mwaka 1999 na mwaka 2008 vilipata mita 5,892 hivi. Mlima haukusogea kwa sababu ya hesabu hizo, walakini namba zake zilisogea.

Mtoto aliposikia shuleni habari ya tofauti hiyo ya mita tatu alishangaa, akamwuliza babu yake zimekwenda wapi. Mzee hakujua theodolaiti, lakini alijua bahari, kwa kuwa katika ujana wake aliwahi kufanya kibarua bandarini Dar es Salaam. "Hizo mita huhesabiwa kutoka wapi?" aliuliza. Mtoto akajibu, "Kutoka usawa wa bahari." Mzee akatabasamu. "Bahari ipi? Ya maji kujaa au ya maji kupwa? Wakati wa bamvua niliyaona maji yakipanda na kushuka kimo cha watu wawili."

Swali la mzee lilikuwa la haki. Kati ya kujaa na kupwa kwa bamvua katika pwani ya Dar es Salaam kuna kiasi cha mita tatu, ambazo ni sawa na zile zilizobishaniwa juu ya Kibo. Ndiyo sababu wataalamu huandika kupanda na kushuka kwa maji kwa miaka mingi, wakachukua wastani wake. Kisha huifikiria bahari hiyo ya wastani kana kwamba inapita chini ya nchi kavu hata ifike chini ya mlima, huku uzito wa dunia ukiivuta huku na huko. Kimo cha mlima ulio bara, basi, hutegemea bahari isiyoonekana.

Na anayebadilisha mwanzo wa kipimo hubadilisha na mshindi. Everest ni mrefu kuliko yote kwa kipimo cha bahari. Radhanath Sikdar, mwanahesabu wa Bengali, ndiye aliyetambua jambo hilo mwaka 1852 akiwa mezani kwake na hesabu za pembe. Mwaka 1856 kimo chake kilitangazwa kuwa futi 29,002, na mwaka 2020 Nepal na China zilikubaliana juu ya mita 8,848.86. Lakini Mauna Kea ya Hawaii, ambayo juu ya maji ina mita 4,207 tu, ikipimwa kutoka chini ya bahari huzidi mita 10,000. Tena dunia imevimba kiunoni, kwenye ikweta. Ukipima kutoka katikati ya dunia, wa kwanza ni Chimborazo wa Ekwado, na Kilimanjaro nao humwacha Everest nyuma kwa zaidi ya kilomita moja na nusu. Hivyo bingwa wa kipimo kimoja ni wa kupitwa katika kipimo kingine, na hapana uongo katika vyote viwili.

Mzee aliyasikia hayo akaketi kimya. Mwisho akasema, "Kama ni hivyo, mjukuu wangu, Uluguru haujashindwa. Haujapimwa kwa kipimo chake."

Maneno hayo yangalikuwa ya kujifariji tu, kama yasingalifuatwa na habari nyingine. Katika mwezi wa Oktoba, mwisho wa kiangazi, wapwa wake walimpigia simu kutoka mlimani. Kwa desturi ya Waluguru ukoo hufuata upande wa mama, na shamba la ukoo halikatwi bila ya kauli ya mjomba. Juu ya shamba lao palikuwa na chemchemi iliyozungukwa na miti ya kale. Wapwa walitaka kuikata wapande mboga za kuuza sokoni Morogoro. Watoto wawili walikuwa wamefaulu kuendelea na masomo, na gharama zilikuwa hazina mahali pa kutoka. "Mjomba," alisema mkubwa wao, "miti hailipi kitu. Twangoja neno lako."

Ombi hilo lilimkata mzee usingizi. Kusema "kateni" kulikuwa kuharibu alichoachiwa; kusema "msikate" kulikuwa kuwafungia watoto mlango wa elimu, naye amekaa mbali, katika tambarare, akiutazama mlima kama picha. Alijua kwamba Sheria ya Mazingira ya mwaka 2004 inakataza kazi za kuharibu chanzo cha maji ndani ya mita 60, na wapwa walijua pia. Lakini alikumbuka jambo la utoto wake. Katika miaka ya 1950 serikali ya kikoloni iliwaamuru watu wa Uluguru wachimbe matuta ya ngazi milimani ili kuzuia udongo usichukuliwe na maji. Nia ya kuhifadhi udongo haikuwa mbaya, bali kazi ilikuwa nzito, mahali pengine udongo hafifu wa chini ulitupwa juu na mazao yakapungua, na wenye mashamba hawakusikizwa. Mwaka 1955 palitokea ghasia huko Matombo, na mtu mmoja alipigwa risasi akafa. Amri ilishindwa, na jambo jema lililokuwa ndani yake likachukiwa pamoja nayo. Mzee aliona kwamba akitoa amri bila ya ushahidi, atakuwa amerudia kosa alilolishuhudia.

Alipanda gari moshi yeye na mjukuu wake. Reli ya zamani iliyofika Morogoro mwaka 1907 ilimjua tangu ujana wake. Safari hii alichukuliwa na treni ya umeme, ambayo ilianza kubeba abiria katika njia hiyo mwaka 2024, akafika kabla ya kumaliza mawazo yake. Kutoka mjini walipanda kwa miguu. Mzee alipumzika mara nyingi, na kila alipopumzika mlima ulionekana umezidi kuwa mrefu. Mtoto alielewa siku hiyo kwamba magoti nayo ni chombo cha kupimia, ingawa hakimo kitabuni.

Walipofika, mzee hakuitisha baraza. Aliomba debe. Akalitega penye mfereji wa chemchemi ya ukoo, na mtoto akatazama saa ya simu. Debe likajaa kwa dakika mbili. Wakarudia mara ya pili na ya tatu, kwa kuwa mtoto alisema kipimo kimoja si ushahidi. Kisha wakavuka kijito kwenda kwenye korongo la jirani, ambako miti ilikwisha katwa zamani na mwamba ulikuwa umebaki wazi. Debe lile lile likajaa kwa dakika kumi na moja.

Mpwa mkubwa alikuwa mtu wa akili. "Mjomba," alisema kwa heshima, "pengine mwamba wa huku na wa kule si mamoja. Pengine chemchemi ile ilikuwa haba tangu mwanzo."

"Umesema kweli, mwanangu," alijibu mzee. "Tuwaulize waliochota."

Wakawaendea wanawake wawili wakongwe wa korongo lile, kila mmoja nyumbani kwake. Wote wawili walisema neno moja: kabla ya miti kukatwa, mtu alitua mtungi akajitazama kanga yake tu, na mtungi ukajaa. Mpwa alinyamaza.

Sababu yake haina miujiza. Pepo za Bahari ya Hindi huja na unyevu, zikaupiga Uluguru, zikalazimika kupanda na kupoa, mvua ikanyesha. Miteremko ya mashariki hupata zaidi ya milimita 2,500 za mvua kwa mwaka, na ya magharibi hupata haba. Msitu hunasa hata ukungu katika majani yake, na chini yake majani makavu na mizizi huifungulia mvua njia ya kuingia ardhini taratibu. Mahali palipokatwa, mvua huteremka mbio pamoja na udongo. Masika huwa mafuriko, na kiangazi huwa kiu. Mti hunywa maji, hapana shaka. Bali aliyeweka akiba hula katika akiba yake.

Maji ya chemchemi ile hushuka mpaka Morogoro, yakaingia katika mto Ngerengere, yakazunguka kwenda mashariki, yakapita Ngerengere, yakaungana na Ruvu. Ruvu ndio uwanyweshao watu wa Dar es Salaam, ambao wengi wao hawajui kilele cha Kimhandu kiko wapi. Mzee alifahamu hapo kwamba katika miaka yote aliyodhani ameuacha mlima, alikuwa akiunywa. Haba na haba hujaza kibaba. Chemchemi na chemchemi hujaza mto wa jiji zima.

Jioni alisema na wapwa wake. "Nilikuja bila neno," alisema, "na sasa ninalo, lakini si amri. Mmepima pamoja nami. Mkiikata, mtapata mboga miaka michache, kisha mtachota kwa dakika kumi na moja. Lakini watoto hawasomi kwa maji peke yake. Ninazo ekari mbili Ngerengere, nilizoziweka niuze nipate kuezeka nyumba yangu bati jipya. Shukeni mlime ufuta. Mavuno ya miaka mitatu ni yenu. Nyumba yangu yavuja kidogo tu, nami nimezoea kuhamisha kitanda."

Mpwa hakujibu usiku ule, kwa sababu mtu aliyekusudia jambo haliachi kama avuavyo kofia. Mzee na mjukuu walishuka kesho yake bila ya ahadi. Zikapita wiki tano. Mvua za vuli zilipoanza, mpwa aliteremka katika kituo cha Ngerengere, jembe begani, na mfuko wa mbegu mkononi. Alisema amekuja kuona shamba. Miti ya chemchemi ilikuwa imesimama.

Mwenye kuipanga milima kwa urefu hafanyi kosa. Ni kazi njema, iliyofundisha watu saburi na ukweli, na Kibo anastahili nafasi yake. Kosa ni kuchukua namba moja na kuifanya hukumu juu ya kila jambo. Miamba ya Uluguru ina umri wa zaidi ya miaka milioni 500, na mbele yake Kilimanjaro ni kijana. Katika misitu yake wako ndege wasiopatikana po pote pengine duniani. Na mito yake huwanywesha watu wasiouona. Hayo yote hayaonekani katika mita 2,630.

Siku hizo mtoto alifungua daftari lake la shule penye orodha ya milima. Chini ya Meru aliandika, "Kimhandu, Uluguru: mita 2,630." Akafikiri, kisha akaongeza mstari mwingine kwa mwandiko mdogo: "Chemchemi yetu, mwezi wa Oktoba: debe moja, dakika mbili." Babu yake alimwomba amsomee mstari huo wa mwisho, akamwambia aache nafasi chini yake, kwa kuwa mwaka ujao watakwenda kupima tena.